Mbwa wa Mtoto ni Mbwa wa Mzazi

Shule zinapofungwa Desemba, ombi moja husikika katika nyumba nyingi za Dar es Salaam, Arusha, Nairobi na Mombasa: mtoto anataka mbwa. Amemwona wa jirani, au wa kwenye katuni, au amesimama mbele ya duka la wanyama ambako watoto wa mbwa wamelala juu ya magazeti yaliyochanwachanwa. Mzazi anayekubali huwaeleza wenzake sababu kwa fahari: "Tumemnunulia ajifunze kuwajibika." Kauli hiyo ina nia njema, nami naipinga. Mtoto wa miaka 8 hawezi kubeba dhima ya uhai wa kiumbe mwingine. Anaweza kusaidia, tena kwa furaha, lakini mwenye dhima ni yule aliyetoa fedha. Kama mtoto atajifunza kuwajibika, atajifunza kwa kumtazama mzazi wake akiwajibika, na masomo hayo huanza kabla mbwa hajafika nyumbani.

Hesabu ya miaka peke yake inatosha kumfanya mzazi atafakari. Mbwa anayetunzwa vizuri huishi miaka 10 hadi 15. Mtoto wa darasa la tatu anayemchukua leo atakuwa amemaliza kidato cha sita, pengine yuko chuoni, na mbwa bado yupo, macho yamefifia na miguu ya nyuma imeisha nguvu. Tena wengi wetu huwapeleka watoto shule za bweni. Mwanao akiingia kidato cha kwanza huko, atamwona mbwa wake wakati wa likizo tu. Siku nyingine zote, wa kuamka usiku mbwa akikohoa ni wewe. Basi mzazi ajiulize kwanza kama yeye mwenyewe yuko tayari kuishi na mbwa kwa muda wote huo, hata mtoto akimchoka baada ya mwezi. Asiyekuwa tayari aseme hapana, na aseme mapema, kabla hajampeleka mtoto dukani eti kuangalia tu. Mtoto akishampakata mbwa, nafasi ya kufikiri imekwisha.

Sasa tuliangalie duka lenyewe. Mbwa mdogo aliye dukani ametengwa na mama yake, na mnunuzi naye ametengwa na yule mama. Hapo ndipo udhaifu wa biashara hii ulipo. Mwaka 1965 watafiti wawili wa Marekani, John Paul Scott na John Fuller, walichapisha matokeo ya kazi yao ya miaka mingi ya kulea na kuchunguza mbwa huko Bar Harbor, jimbo la Maine. Walionyesha kwamba kuanzia wiki ya 3 hadi ya 12 hivi, mbwa hujifunza nani wa kumwamini na nini cha kuogopa. Kwa mama yake na ndugu zake anajifunza kuzuia meno yake: aking'ata kwa nguvu, mwenziwe analia na mchezo unakatika. Kwa binadamu anajifunza kwamba mkono unaomshika haudhuru. Aliyenyakuliwa akiwa na wiki 5 na kukaa tunduni katikati ya makelele ya barabara amekosa sehemu kubwa ya mafunzo hayo. Huyo ndiye atakayekuja kumng'ata mtoto mgeni kwa hofu, na watu watasema ana roho mbaya.

Ndiyo maana baadhi ya nchi zimeamua kuliondoa duka katikati. Uingereza kulikuwa na mbwa jike aliyeitwa Lucy, aliyeokolewa mwaka 2013 kutoka shamba la kuzalishia mbwa huko Wales, mwili wake umeharibika kwa kuzaa mfululizo na kufungiwa tunduni. Sheria iliyopewa jina lake ilianza kutumika England mwezi Aprili 2020: mbwa au paka mwenye umri wa chini ya miezi 6 hauzwi tena na mtu wa kati, anayemtaka aende kwa aliyemzalisha au kwenye kituo cha kuokolea wanyama. Jimbo la California lilikuwa limekwisha kuyazuia maduka yake tangu Januari 2019 kuuza mbwa wasiotoka kwenye vituo kama hivyo, na Ufaransa ilipiga marufuku uuzaji wa mbwa na paka madukani kuanzia Januari 2024. Fikra ni ileile kote: mnunuzi akimwona mama, mzalishaji hawezi kuficha mengi.

Mzazi wa kwetu anaweza kuifuata fikra hiyo bila kusubiri bunge. Ukifika dukani, uliza mama yuko wapi, na uombe kupelekwa. Muuzaji mwaminifu atakupa namba ya aliyemzalisha, au atakupangia siku ya kwenda. Akisema mama yuko mkoani, au amekufa, au mwenye mbwa hapendi wageni, msikilize kwa adabu, umshukuru, uondoke. Vivyo hivyo kwa wale wanaonyanyua watoto wa mbwa kando ya barabara magari yakisimama kwenye taa, wakiapa kwamba ni Jemani Shepadi halisi. Kupitia dirisha la gari huwezi kujua chochote kuhusu mnyama huyo.

Ukipelekwa kwa mama, tazama kwa makini, na mtoto wako awe pembeni akitazama nawe. Je, mama anamjongelea mtu au anajikunyata? Banda lina maji safi? Mbwa mdogo mwenyewe awe na wiki 8 angalau, ameshaachishwa kunyonya na anakula. Macho yawe makavu na angavu, pua isitoe usaha, ufizi uwe wa waridi. Ufizi mweupe mara nyingi ni dalili ya upungufu wa damu, nao huletwa na kupe, viroboto au minyoo ya safura. Tumbo lililovimba kama ngoma juu ya mbavu zinazoonekana lina minyoo, na wauzaji wengi hulisifia kuwa ni la shibe. Nyuma, chini ya mkia, pawe pasafi. Mwache atembee. Piga makofi kidogo uone kama anasikia na kama anarudi baada ya kushtuka.

Kisha omba kadi ya chanjo. Kadi ya kweli ina tarehe, ina lebo iliyobanduliwa kwenye kichupa cha chanjo na kubandikwa, ina sahihi na muhuri wa daktari wa mifugo ambaye unaweza kumpigia simu. Maneno "amechanjwa zote" yaliyoandikwa kwa kalamu bila lebo hayana maana. Tena mbwa wa wiki 8 hawezi kuwa amemaliza. Dozi ya kwanza hutolewa kati ya wiki ya 6 na ya 8, kisha hurudiwa kila baada ya wiki 3 au 4 mpaka atimize wiki 16. Sababu ni kwamba kinga aliyoipata kwenye dang'a ya mama yake huizuia chanjo isishike, na hakuna ajuaye ni wiki ipi hasa kinga hiyo itapungua. Anayekuambia dozi moja imetosha ama hajui au anakudanganya.

Nasisitiza chanjo kwa sababu ya ugonjwa mmoja unaowatoa machozi watoto wengi katika wiki ya kwanza: pavo. Virusi vyake vilitambuliwa mwaka 1978 na kuenea dunia nzima kwa muda mfupi. Mbwa mdogo anaweza kuwa navyo siku kadhaa bila dalili yoyote. Dukani anacheza, siku ya nne nyumbani anakataa chakula, anatapika, anaharisha damu yenye harufu kali, na asipotibiwa upesi hufa. Virusi hivyo hukaa kwenye udongo wa ua kwa muda unaoweza kupita mwaka. Sabuni ya kawaida haiviui, jiki huviua. Ndiyo kusema mzazi anayekimbilia kununua mbwa mwingine wiki inayofuata ili mtoto asiendelee kulia huenda anamleta wa pili kufa palepale.

Na mtoto aambiwe ukweli. Nimesikia wazazi wakisema mbwa "amesafiri" au "amerudishwa kwa mama yake". Mtoto anafahamu zaidi ya tunavyodhani, na akigundua kwamba alidanganywa kuhusu kifo, atakuwa na sababu ya kutilia shaka mengine tunayomwambia. Mwambie amekufa, mwambie ugonjwa gani, mwache alie, mzike naye.

Kuna jambo gumu zaidi linalotokea dukani. Mtoto anapita mbele ya wale wenye afya na kusimama kwa yule dhaifu aliye pembeni ya tundu, anayetetemeka. "Mama, tumchukue huyu, anaumwa." Huruma hiyo ni njema na hakuna mzazi anayepaswa kuikemea. Lakini kumnunua mgonjwa kwa huruma ni kumlipa muuzaji kwa ugonjwa. Tundu likiwa wazi jioni, kesho atatiwa mwingine. Mchelea mwana kulia hulia yeye, na hapa atalia pia mbwa wa kesho. Bora zaidi ni kumwambia muuzaji waziwazi, mtoto akisikia, kwamba mnyama huyu anahitaji daktari leo, na kisha kutoa taarifa kwa ofisi ya mifugo ya wilaya. Tanzania ina Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya mwaka 2008, Kenya ina Sheria ya Kuzuia Ukatili kwa Wanyama, Sura ya 360. Mtoto akimwona mzazi wake akipiga simu hiyo, atakuwa ameonyeshwa huruma inayofanya kazi. Na akimwona akiuliza kwanza "bei ya mwisho ngapi?" kabla ya kuuliza kama mnyama amekula, atakuwa amelishika hilo pia.

Sasa nije kwenye kichaa cha mbwa, ambalo ndilo jambo zito kuliko yote katika makala haya. Mtu wa kwanza kuokolewa na Louis Pasteur kwa chanjo yake, Julai 1885, alikuwa mtoto wa miaka 9, Joseph Meister, aliyeng'atwa na mbwa huko Alsace. Tangu siku hiyo kinga ipo. Hata hivyo Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba watu wapatao 59,000 hufa kila mwaka kwa kichaa cha mbwa, karibu wote Afrika na Asia, na takriban 40 kati ya kila 100 ni watoto wa chini ya miaka 15. Watoto ndio wanaocheza na mbwa, ndio wafupi, na ndio wanaong'atwa usoni na kichwani, karibu na ubongo. Dalili zikishaanza, karibu hakuna anayepona.

Mbwa mdogo naye anaweza kuwa na ugonjwa huu. Mzazi anayemnunua mbwa wa miezi 2 kutoka kwa mama asiyejulikana, kisha akayachukulia meno yake kuwa mchezo, anacheza na hatari. Chanjo ya kichaa cha mbwa hutolewa akifikisha miezi 3, hurudiwa baada ya mwaka, na kuendelea kama daktari atakavyoagiza. Wataalamu wanasema mbwa 70 kati ya 100 wakichanjwa, ugonjwa hukosa njia ya kuenea katika eneo. Pemba ilifanikiwa kuuondoa kwa kampeni za chanjo, ukarudi mwaka 2016, chanjo zikaongezwa, ukaondolewa tena. Na madhara ya mbwa wasiochanjwa huvuka ua wa mwenye mbwa: mwaka 1994 distempa, ugonjwa mwingine wa mbwa wenye chanjo, iliua takriban theluthi moja ya simba wa Serengeti.

Lakini chanjo ya mbwa haitoshi kama mtoto anaogopa kusema. Watoto wengi huficha jeraha la meno kwa sababu wanajua watachapwa kwa kumchokoza mbwa, au mbwa atauawa. Kwa hiyo siku ile ile mbwa anapoingia nyumbani, mkalishe mwanao, mwambie: ukiparuzwa au ukiumwa na mbwa yeyote, wetu au wa barabarani, niambie mara moja, na sitakuchapa. Halafu utimize ahadi hiyo. Jeraha lioshwe kwa sabuni na maji yanayotiririka dakika 15 kamili, bila kupaka pilipili, mafuta ya taa wala majani, na mtoto apelekwe hospitali siku hiyohiyo kwa chanjo, amalize dozi zote hata kidonda kikikauka.

Minyoo haina uzito huo, lakini isisahaulike. Minyoo mviringo ya mbwa hupita kutoka kwa mama hadi kwa watoto wakiwa bado tumboni, kwa hiyo karibu kila mbwa mdogo anayo. Mayai yake huenea kwenye mchanga wanakochezea watoto, na mara chache kiluwiluwi chake hufika kwenye jicho la mtoto na kuliharibu. Dawa ya minyoo kila wiki mbili mpaka miezi 3, kinyesi kuzolewa kila siku, mikono kuoshwa kabla ya kula. Hayo yanatosha.

Nani atafanya hayo yote? Katika nyumba nyingi za mijini jibu ni dada wa kazi. Hapa nasema kwa uchungu. Dada huyo aliajiriwa kupika, kufua na kulea watoto. Siku moja anarudi kutoka sokoni anakuta mbwa, na kuanzia hapo kinyesi ni chake, kuogesha ni kwake, kulisha ni kwake, bila kuulizwa wala kuongezewa mshahara. Pengine ni Mwislamu wa madhehebu ya Shafi, kama walivyo wengi wa pwani, ambaye kwake mate ya mbwa ni najisi inayooshwa mara saba, moja kwa udongo. Sasa anatakiwa aoshe nguo zake za sala kila anaporukiwa. Au aling'atwa utotoni na bado anaogopa. Mtoto anaona yote. Anaona kwamba raha ya mbwa ni yake na taka za mbwa ni za mtu anayelipwa. Kama mzazi hakumuuliza dada kabla ya kununua, amemfundisha mwanawe dharau, hata kama mbwa ananenepa.

Wala dini isitumiwe kuhalalisha ukatili. Waislamu wameruhusiwa kufuga mbwa kwa ulinzi, mifugo na uwindaji, na katika mapokeo yao kuna habari ya mtu aliyesamehewa dhambi kwa sababu alishuka kisimani na kumtekea maji mbwa mwenye kiu kwa kiatu chake, na ya mwanamke aliyeadhibiwa kwa kumfungia paka mpaka akafa njaa. Nafuu ya mnyama na mateso yake vyote vina hesabu. Mtoto wa Kiislamu na wa Kikristo wanaweza kufundishwa hivyo katika mtaa mmoja.

Kazi za mtoto zipimwe kwa umri wake. Aliye chini ya miaka 5 asiachwe peke yake na mbwa hata dakika moja, hata awe mbwa mpole kiasi gani. Wa miaka 7 anaweza kubadilisha maji asubuhi na kupiga mswaki manyoya, mtu mzima akiwapo. Wa miaka 12 anaweza kumtembeza kwa kamba katika mtaa usio na magari mengi. Afundishwe kutomgusa mbwa anapokula au amelala, na kutambua mkia uliobanwa kati ya miguu, masikio yaliyolala nyuma na midomo inayolambwalambwa kuwa maana yake ni "niache". Mtoto akisahau maji, mzazi ayaweke, kisha amkumbushe. Mbwa asikae na kiu ili mtoto apate funzo.

Kuna desturi yetu ya kumfungia mbwa bandani mchana kutwa na kumwachia usiku ili awe mkali. Ulinzi ni haja ya kweli na siidharau. Lakini mbwa anayeishi hivyo hamfai mtoto, na mtoto anayekua akimwona hivyo anazoea kusikia kilio bila kugeuka. Kama unamtaka mbwa wa ulinzi, mwite wa ulinzi, mpe nafasi ya kutembea na kivuli, wala usimwambie mwanao kwamba ni rafiki yake. Kuhusu chakula, ugali na dagaa si vibaya kwa mbwa mkubwa, ila anayekua anahitaji nyama au samaki wa kutosha, na asipewe mifupa ya kuku iliyopikwa, vitunguu wala chokoleti.

Jike nalo lina mzigo wake, kwa sababu wengi hulikataa dukani wakihofia mimba, na wanaolichukua bila mpango huishia kuacha watoto wake wanane sokoni ndani ya boksi. Muulize daktari wa mifugo kuhusu kumfunga kizazi au kuhasi dume kabla hajafikisha mwaka. Gharama hiyo ihesabiwe pamoja na bei ya kununua, na chanjo za kila mwaka, na dawa ya kupe. Kwa familia nyingi gharama za mwaka wa kwanza hupita bei ya mbwa mwenyewe.

Mwishowe, huenda duka halihitajiki kabisa. Mbwa wa kienyeji wa jirani, ambaye mama yake unamjua na tabia yake unaijua, mara nyingi ni chaguo bora kuliko mwenye manyoya marefu asiyeweza joto la Dar es Salaam. Nairobi kuna kituo cha chama cha KSPCA kinachotafutia makazi mbwa waliotelekezwa, na hawa wanaokupa mbwa watakuhoji kabla ya kukukabidhi. Usikasirike kuhojiwa. Muuzaji yeyote mwema angepaswa kufanya hivyo.

Mzazi, kabla ya Desemba hii kaa na mwenzio na kila mtu mzima wa nyumba yako, dada wa kazi akiwemo, mkubaliane kwa majina nani atafanya nini mtoto atakapokuwa shuleni. Tafuta daktari wa mifugo aliye karibu na uhifadhi namba yake. Mkishindwa kukubaliana, mnunulie mwanao baiskeli.